Mkunjo wa Kiwiko

Wiki tatu zilizopita nilistaafu, nikarudisha funguo za stoo, na tangu siku ile ninyi vijana wa kliniki hamniachi nipumzike. Andika, Mzee, andika. Haya, naandika. Ila vyeo na mishahara msivitafute humu. Vyeo vilikuja vilipotaka vyenyewe, na mshahara wa miaka ile ulipofika mkononi sukari haikuwepo dukani. Nitaandika habari za viwiko. Najua mnacheka. Chekeni tu, mimi nilianza kuchekwa kabla hamjazaliwa.

Naandika Kiswahili kwa sababu ndicho tulichofanyia kazi. Kulikuwa na Walugbara, Wakakwa, sisi Wanubi wa Arua mjini, na wagonjwa waliovuka kutoka Kongo na Sudani, na kila mmoja alikivunja Kiswahili kwa namna yake. Tulielewana hivyohivyo. Hata leo nikimsikia mtu sokoni akisema "iko namna gani" kwa sauti ya Koboko, moyo wangu unaruka, nageuka nitazame kama namfahamu.

Nilianza mwaka 1971, kijana wa miaka kumi na tisa, shati jeupe, viatu vya kuazima. Kazi yenyewe iliitwa msaidizi wa ukoma. Mama yangu aliposikia alikaa chini. "Nimekuombea duka," akasema, "wewe unaenda kushika wakoma!" Mwezi mzima kikombe changu kiliwekwa peke yake juu ya kabati. Sikumlaumu, hata mimi niliogopa, na usiku wa kuamkia siku ya kwanza nilinawa mikono mara nne kana kwamba nimeshamgusa mtu.

Aliyenifundisha kazi ni Mzee Andama, mtu wa Ajia. Yeye mwenyewe aliugua ukoma zamani, akapona, akabaki kazini kuwahudumia wenzake. Mkono wake wa kushoto ulikunjika vidole kama umeshika kikombe kisichoonekana, wa kulia ulikuwa mzima. Nilidhani siku ya kwanza atanipa sindano au chupa za dawa. Akavuta kiti, akakaa mbele yangu, akasema, "Leta kiwiko."

"Kiwiko changu, Mzee?"

"Sasa ya nani? Iko mwingine hapa?"

Asubuhi nzima alinifundisha juu ya mkono wangu mwenyewe. Kunja mkono. Shika kifundo kwa mkono mmoja, kwa mkono mwingine pita nyuma ya kiwiko, upande wa ndani wa mfupa. Pale pana mfereji mdogo, na ndani ya mfereji umelala mshipa wa fahamu, ule ambao ukijigonga mlangoni umeme unakimbia hadi kidole cha mwisho na unatukana bila kupenda. Kwa mtu mwenye afya mshipa ule ni mwembamba na unateleza. Ukoma ukiingia mshipa unavimba, unakuwa kama kamba ya mkonge, na mkono unaanza kufa ganzi kimyakimya.

"Shika polepole," Mzee aliniambia. "Na usitazame mkono. Tazama uso ya mutu. Mkono itakudanganya, uso hapana."

Hilo liandikeni ukutani. Nimeona wasaidizi wenye vyeti vitatu wanaobonyeza mshipa huku wanatazama dirishani.

Vifaa vyetu vilienea kwenye mkoba mmoja wa baiskeli: vidonge vya dapsoni, dawa yetu ya ukoma, pamba, kopo la mafuta ya kupaka, kalamu ya wino, kadi, na unyoya wa kuku. Unyoya una masharti. Wa mkia ni mgumu, unachoma, mgonjwa atasikia hata pasipostahili. Chukua wa kifuani, laini. Mgonjwa anafumba macho, unampitishia unyoya, naye anaonyesha kwa kidole pale alipoguswa. Asipoonyesha, unaweka alama ya wino juu ya ngozi. Ukimaliza, mkono wote una ramani, na nchi iliyokufa imeonekana mipaka yake.

Nilisema nitaandika habari za viwiko. Mwanzoni niliviona vibaya, na ni kweli ni vibaya kwa haraka ya macho. Vimekunjamana, vyeusi, vigumu. Nyimbo za harusi zinasifu macho, shingo, kiuno, mwendo. Dada zetu wa Arua wakipaka hina wanaishia kwenye kifundo cha mkono, kiwiko kinabaki na vumbi lake. Lakini mimi ndicho nilichopewa, viwiko ishirini, thelathini kwa siku, na polepole nikaanza kuvisoma. Mwanafunzi wa chuo cha Kurani alikuwa na sugu mbili za kuegemea mkeka. Mfumaji wa vikapu alikuwa na kiwiko kimoja laini na kimoja kigumu. Kulikuwa na bibi mmoja wa Ajia ambaye kiwiko chake kilikuwa kimeng'aa kwa mafuta ya simsim, yaani ufuta, akaniambia marehemu mume wake alipenda kukishika wakitembea, basi anaendelea kukipaka. Nilikuwa na miaka ishirini, sikujua niangalie wapi.

Na kulikuwa na kusalimiana. Kwetu mtu mwenye mikono michafu ya kazi anakupa kifundo cha mkono ushike, heshima haipotei. Wagonjwa wetu, waliozoea watu kuificha mikono nyuma wanapowaona, hata kifundo hawakuthubutu kukitoa. Walinyoosha kiwiko kidogo, tayari kukirudisha. Mzee Andama alikuwa akikishika kwa kiganja kizima, anakitikisa, anauliza habari za nyumbani, na wakati huohuo kidole chake cha kati kimeshapita nyuma na kuujua mshipa. Watoto wa mjini wakaniita Bwana Kiwiko. Lile jina lilinikera sana, na leo ningelipa chochote nisikie mtu akinipigia kelele hivyo barabarani.

Mwaka 1974 nikapewa njia ya Koboko peke yangu: Jumanne ya kwanza ya mwezi Abuku, Jumatano Oraba, mpakani. Kliniki ya Abuku ilikuwa barazani kwa ghala tupu la pamba. Hapo ndipo nilipomjua Poni.

Alikuwa msichana wa Kikakwa, hajafika miaka ishirini, mume wake askari katika kambi ya mbali, yeye akikaa na mama mkwe wake, Mama Zamu. Alikuja na mimba kubwa na mikono miwili yenye ganzi. Alikuwa na mzaha wa chinichini. Nilimuuliza ganzi ilianza lini, akasema, "Siku niliacha kusikia chumvi kama iko kwa vidole. Mboga yangu ikakuwa mbaya, mama ya bwana akajua mbele yako." Mwezi uliofuata alikuja na mtoto mgongoni, mvulana, Asumani.

Sasa naandika kosa langu, na nimeliandika katikati ili msiliruke.

Nilijua hatari ya mama mwenye ganzi na maji ya kuogeshea mtoto. Nilikuwa nimemsikia mkunga wa hospitali akiwafundisha akina mama: usipime maji kwa mkono, pima kwa kiwiko. Nikamwambia Poni maneno hayohayo, nikajipiga ncha ya kiwiko changu ili aone. Sikumpima mkono wote kwa unyoya siku ile. Mawingu yalikuwa yamejaa upande wa Oraba, na barabara ile ikinyeshewa baiskeli inakupanda wewe. Kwenye kadi, pale pa kipimo cha hisi, niliweka alama ya vema.

Jumanne ya mwezi uliofuata Poni alikuja mgongo mtupu. Kifua cha gauni lake kilikuwa kimelowa maziwa.

"Mtoto yuko wapi?"

"Asumani iko na mama ya bwana." Alisema huku anatazama magoti yake. "Aliungua. Miguu na hapa, matako. Mimi nilipima, dakitari. Na kiwiko. Vile ulisema."

Nilichukua unyoya. Vidole, hakuna. Kifundo, hakuna. Ncha ya kiwiko, ile niliyojipiga mbele yake, hakuna kabisa. Alikuwa amefumba macho ananisubiri nianze.

Mtoto hakuungua sana, Mungu alisaidia, malengelenge yalikuwa yanakauka. Lakini Mama Zamu alikuwa amekata shauri. Shangazi mmoja alikuwa akimnyonyesha Asumani, na simsim ikishavunwa Poni angerudishwa kwa baba yake, ng'ambo ya Oraba. Mtoto angebaki. Mwanamke asiyejua moto na baridi, nani atamwachia mtoto? Na simsim ilikuwa imeshaanza kukauka shambani.

Nilirudi Arua nikamwambia Mzee Andama kila kitu. Sijui kama ningekuwa na moyo wa kufanya hivyo leo. Aliuliza neno moja tu. "Ulipima?"

"Sikupima, Mzee."

Aliendelea kukunja bandeji mpaka akamaliza. Nilitamani anitukane. "Tengeneza breki ya baiskeli," akasema, "kesho tunaenda." Na alikwenda, umri ule, amekaa kwenye karia ya nyuma kutoka Arua hadi Koboko, kila mlima anashuka tunasukuma. Ile safari bado iko kwenye magoti yangu.

Mama Zamu alitupokea vizuri, kwa sababu alikuwa mtu wa adabu, akatutandikia mkeka uani. Alikuwa mwanamke mrefu, sauti kama ya sajini. Mzee akamwomba ruhusa ampime mkwewe mbele yake. "Pima," akasema. "Macho yangu iko hapa." Wanawake wa jirani nao wakajaa. Asumani alikuwa mgongoni kwa shangazi, analia, na Poni hakugeuza kichwa, ila niliona maziwa yameanza kumtoka tena.

Mzee alimfunga Poni macho kwa kitambaa. Unyoya ukapita vidoleni, kimya. Kwenye mkono, kimya. Nje ya kiwiko, kimya. Kila mara wanawake waliguna, na mimi nilitaka ardhi inimeze. Kisha Mzee akaugeuza ule mkono, akaufungua taratibu, upande wa ndani ukatazama juu.

Jamani, miaka mitatu nilikuwa nashika viwiko na sikuwahi kuvitazama upande ule. Mimi mshipa wangu ulikuwa nyuma, basi nyuma ndiko nilikojua. Mikono ya Poni ilikuwa na makovu ya sufuria, na ngozi imepasuka kama udongo wa kiangazi. Lakini pale kwenye mkunjo palikuwa laini, pamenyooka, mistari miwili myembamba na mshipa mmoja wa damu uliopita chini kama kijito. Hapakuwa na kovu hata moja. Ukoma unapenda baridi, Mzee alinieleza baadaye, unakaa nje penye upepo. Pale ndani, panapojikunja na kutunza joto, mara nyingi unashindwa kuingia.

Akapitisha unyoya. Poni alishtuka, akacheka. "Hapo!" akasema. "Hapo, inanitekenya!"

Mzee akaupitisha kwenye mkono wa pili. "Hapo pia!"

Mama Zamu hakucheka. Aliingia jikoni mwenyewe, akatoka na vibuyu vitatu vya maji, hakuna aliyeona alichochanganya. Poni akamwagiwa kidogo kwenye mkunjo kutoka kila kimoja. Cha kwanza akasema iko baridi. Cha pili akavuta mkono, "Hii itachoma mutu." Cha tatu akasita, akaomba arudishiwe. "Mama," akasema, "hii na ile ya kwanza iko moja."

Ilikuwa kweli. Mama Zamu alikuwa amemtegea. Wanawake wakapiga vigelegele, lakini mama yule aliinua mkono wakanyamaza. "Nimeona," akasema. "Lakini mbele pia alisema anajua. Mbele pia alisema amepima. Kesho atasema nini?"

Nikasimama. "Mama," nikasema, "alipima kweli. Mimi ndiye nilimwonyesha mahali pabaya. Niliogopa mvua, sikumpima, nikaandika kwamba nimempima. Kosa si lake hata kidogo. Ni langu."

Akanigeukia. "Kumbe ni wewe umechoma mjukuu wangu."

"Ni mimi, Mama."

"Haya. Kaa chini. Muogeshe, nione."

Nilidhani ni mzaha. Haukuwa mzaha. Beseni likaletwa, nikapima maji kwa mkunjo wangu mwenyewe, nikapewa Asumani, kijana asiye na mke wala mdogo, mbele ya wanawake wote wa kijiji kile. Akanikojolea kifuani. Walicheka mpaka wengine wakashikana, na Mzee Andama akajifuta macho kwa ule mkono uliokunjika. Hakuna adhabu niliyoistahili zaidi, na hakuna iliyonifanyia wema zaidi. Nilipomaliza, Mama Zamu alimkausha mtoto mwenyewe, akasimama naye kidogo. Kisha akainama, akamweka mapajani mwa Poni.

Poni alimpakata kama mama yeyote anavyompakata mtoto, kichwa kwenye mkunjo wa kiwiko. Sisi wote tumelazwa hapo. Alimpakata hivyo tangu azaliwe, lakini kila mara na gauni la mikono mirefu, kwa sababu alionea aibu mikono yake. Siku ile mikono ya gauni ilikuwa imepandishwa kwa ajili ya unyoya.

Akamsogeza mtoto karibu zaidi. "Nywele yake iko laini," akasema. Kisha akaanza kulia. "Mama, nywele yake iko laini hivi na mimi sikujua. Anapumua hapa. Nasikia anapumua hapa."

Mama Zamu alikaa chini kwenye mkeka, karibu naye. "Sasa unajua," akasema, kwa sauti ambayo haikuwa ya sajini.

Tangu hapo hadi 1979 sikukosa Jumanne hata moja ya Abuku isipokuwa homa iliponilaza. Nilipima kila mgonjwa mikono yote, nje na ndani, mvua inyeshe isinyeshe. Niliwafundisha akina mama wote wenye ganzi watafute mahali pao pazima kabla ya kuwasha moto. Wengine hawakuwa napo kwenye mkunjo, tukakuta nyuma ya sikio, au kwenye midomo. Poni alinisaidia kuwafundisha, kwa mzaha wake uleule. Mkimuuliza kama nilimpenda, nitasema alikuwa mke wa mtu, na nitaendelea kuandika. Mzee Andama alifariki mwaka 1977, kwao Ajia. Nilimwosha mikono mimi mwenyewe, niliombwa na jamaa zake.

Kisha, mwaka ule wa 1979, vita ikaja upande wetu. Hilo wameliandika watu wengine, mimi nilikuwa Oraba na mkoba wa dawa. Watu walipita siku nzima kuelekea Kaya, upande wa Sudani, wamebeba magodoro, kuku, milango, na wagonjwa wangu walikuwa katikati yao. Niliwatambua kwa namna walivyobeba, mizigo yote kwenye mikunjo ya mikono, si kwenye vidole. Nilimgawia kila mmoja vidonge kadiri nilivyoweza.

Poni alitokea adhuhuri. Asumani alikuwa anatembea mbele, miaka mitano, na kuku kwapani. Nyuma ya Poni alikuja Mama Zamu. Ukungu ulikuwa umeshamfunika macho yote mawili, hakuona njia. Alikuwa amemshika Poni mkono, ndani kabisa ya kiwiko, kwa vidole vyote vitano, na Poni alikuwa ameubana mkono wake asiteleze.

"Bwana Kiwiko," Mama Zamu akasema aliposikia sauti yangu, "mimi sioni kitu. Huyu ndiye ananipeleka. Akisikia natetemeka anasimama."

Nilimpa Poni vidonge vya miezi mitatu, ndivyo vilivyobaki. Nilikuwa na mengi ya kusema, nikasema ale baada ya chakula. Akasema, "Nitakula." Umati ukawasukuma. Nilisimama juu ya jiwe nikawatazama, yule mama mrefu na yule mwembamba wameshikana, hadi walipoingia ng'ambo na sikuweza tena kuwatofautisha na wengine.

Watu walirudi baadaye, wengi. Wao hawakurudi. Nimeuliza kila dereva wa Kaya, kila mkimbizi, kila mtu wa Abuku, kwa miaka yangu yote ya kazi. Asumani sasa angekuwa mtu mzima mwenye watoto wake. Dawa niliyompa mama yake ilikuwa ya miezi mitatu, na dawa ikikatika ukoma unaendelea kutembea, hata pale penye joto unaweza kufika. Ninyi mnaobaki, mkienda ng'ambo mkakutana na mwanamke mzee wa Kikakwa mwenye mzaha wa chinichini, msimuulize kama ananikumbuka. Chukueni unyoya wa kifuani, mumfungue mkono taratibu, mnitumie jibu kama pale ndani bado anasikia.